Kutafuta ukoo uliovushwa Atlantiki: vitabu gani uanze navyo, na vikupeleke wapi

Familia nyingi za Afrika Mashariki zilizoko Marekani sasa zina watoto wa pande mbili. Upande wa Tanga au Kakamega, babu anatajwa mpaka kizazi cha sita na kaburi lake linajulikana. Upande wa baba mzaliwa wa Georgia, au mama mzaliwa wa Virginia, majina yanafika kwa bibi mmoja aliyechuma pamba utotoni, kisha yanakatika. Mtoto akipewa kazi ya shule ya kuchora mti wa ukoo, karatasi inajaa nusu tu.

Mwongozo huu ni wa hiyo nusu tupu. Nimeutumia kwa ukoo wa mume wangu, na ninaowaandikia ni watu kama mimi, tuliofika nchi hii watu wazima na kukuta historia ambayo wenyeji wake wamekua nayo, sisi tunaisoma.

Nina kanuni moja inayotangulia hatua zote. Kitabu hakikupi babu. Kinakuonyesha karatasi gani ya kutafuta na mahali ilipohifadhiwa, na babu, ukibahatika, yumo kwenye hiyo karatasi. Kwa hiyo anza na vitabu vipya vikupeleke kwa vya zamani, na vya zamani vikupeleke kwenye masanduku ya mahakama. Watu wengi huanzia mwisho: wananunua kipimo cha DNA, wanataka jina la meli kabla hawajajua jina la kaunti, wanakwama na kuacha.

Hatua ya 1: Wazee kwanza

Usianze na habari za utumwa. Mama mkwe wa miaka 80 ukimuuliza watu wake walikuwa watumwa wa nani, utapata kimya, na Jumapili ijayo unaweza kukuta hukualikwa chakula. Muulize walikuwa wakisali kanisa gani, nani kazikwa wapi, nani alihamia Chicago au Detroit na mwaka gani, na yule mjomba alirithi jina la nani. Majina ya kurithi ni muhimu kuliko yanavyoonekana, kwa sababu jina la kwanza lisilo la kawaida likirudi kila kizazi, ndilo litakalokusaidia kumtambua mtu mwaka 1860 wakati jina la ukoo halipo kabisa.

Omba kuona vitu viwili: Biblia ya familia, na vijitabu vya mazishi. Kwenye mazishi ya Wamarekani Weusi hugawiwa kijitabu chenye picha ya marehemu, tarehe na mahali alipozaliwa, majina ya wazazi, kanisa lake na wote aliowaacha. Bibi mmoja huweza kuwa navyo arobaini, vimefungwa kwa utepe ndani ya droo. Viombe kwa adabu, vipige picha hapohapo mezani, usivitoe nyumbani kwake.

Unachotafuta katika mazungumzo haya yote ni kaunti. Ndoa, wosia na hati za ardhi vimehifadhiwa kaunti kwa kaunti, na jimbo peke yake halikusaidii: Georgia pekee ina kaunti 159.

Hatua ya 2: Rudi kwa sensa mpaka 1870

Sensa ya Marekani hufungwa kwa miaka 72, ndiyo maana ya mwaka 1950 ilifunguliwa Aprili 2022. Tovuti ya FamilySearch inakuruhusu kuzisoma bila malipo ukishajiandikisha. Shuka miaka kumi kumi. Utakutana na pengo la 1890, kwa kuwa karibu sensa yote ya mwaka huo iliharibika kwa moto wa 1921 kule Washington. Ruka hadi 1880, halafu 1870.

Ukurasa wa 1870 usiupite mbio. Huu ndio mwaka wa kwanza ambao sensa iliwaandika kwa majina watu waliokuwa watumwa. Mstari mmoja una namba ya kaya, jina, umri, jinsia, herufi ya rangi (B kwa mweusi, M kwa chotara), kazi, thamani ya ardhi, thamani ya mali nyingine, mahali pa kuzaliwa, na alama kwa asiyejua kusoma na asiyejua kuandika. Safu ya mali mara nyingi iko tupu, maana ni miaka mitano tu tangu viishe vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, vilivyomaliza utumwa. Uhusiano na mkuu wa kaya haujaandikwa, huo ulianza 1880, kwa hiyo mwanamke na watoto wanaomfuata mwanamume kwenye orodha wanaweza kuwa mke na wanawe, au dada yake, au yatima wa jirani.

Angalia hasa mahali pa kuzaliwa. Mzee wa miaka 60 anayeishi Alabama na ameandikwa kuzaliwa Virginia, hakuhama kwa hiari yake. Karibu watu milioni moja walihamishwa kutoka majimbo ya juu ya Kusini kwenda kwenye mashamba ya pamba na miwa, kwa minyororo barabarani au kwa meli za pwani hadi New Orleans. Neno hilo moja, Virginia, limekufungulia jimbo la pili la kutafuta.

Kisha soma kurasa tano kabla na tano baada. Watu wengi mwaka 1870 walikuwa bado wanaishi karibu na walikotumikishwa. Mzungu mwenye ardhi ya thamani kubwa ukurasa wa jirani, jina lake liandike pembeni.

Kabla ya hapo unakutana na kile watafuta nasaba wanachokiita ukuta wa 1870. Sensa za 1850 na 1860 zina orodha za pembeni za watumwa, na humo aliyeandikwa jina ni mmiliki. Chini yake ni mistari ya umri, jinsia na rangi: mwanamke, 34, B, mvulana, 9, B, msichana, miezi 4, M. Weusi waliokuwa huru tayari wamo kwa majina kwenye orodha ya kawaida, kwa hiyo hakikisha kwanza familia yako haikuwa miongoni mwao.

Hatua ya 3: Kitabu kipya, ukisome kuanzia nyuma

Hapa ndipo vitabu vinapoingia, na vipya vinatangulia. Wanahistoria wa miaka thelathini iliyopita wamechimba nyaraka ambazo vizazi vilivyotangulia viliziona si kitu.

Vitatu ninavyowapa watu. Edward Ball, mzao wa wamiliki wa mashamba ya mpunga ya South Carolina, alichapisha mwaka 1998 kitabu kiitwacho Slaves in the Family, akiwafuata wazao wa watu waliomilikiwa na mababu zake. Annette Gordon-Reed aliandika The Hemingses of Monticello mwaka 2008, historia ya familia moja iliyomilikiwa na Thomas Jefferson, na kikapata tuzo ya Pulitzer mwaka uliofuata. Heather Andrea Williams alichapisha Help Me to Find My People mwaka 2012, kuhusu watu waliotafutana baada ya kuuzwa mbali mbali. Kama utasoma kimoja tu, kisome hiki cha tatu. Kitakufundisha matangazo ya magazetini, na nitayarudia.

Usivisome kama hadithi peke yake. Fungua tanbihi za mwisho. Pale mwandishi anaposema Jefferson aligawa blanketi kwa familia fulani, tanbihi itakwambia habari hiyo imetoka kwenye daftari la shamba, na daftari hilo limehifadhiwa wapi. Mmiliki wako hakuwa Jefferson, lakini naye aligawa blanketi na viatu, na kuna uwezekano aliandika. Umeshajua aina ya karatasi. Sasa tafuta kama karatasi za ukoo wake ziko Southern Historical Collection, kwenye Chuo Kikuu cha North Carolina kule Chapel Hill, au kwenye hifadhi ya nyaraka ya jimbo lake.

Kisha tafuta kitabu kipya kinachohusu kaunti yako au mto wako, si nchi nzima. Tumia WorldCat, ambayo inakuonyesha maktaba zenye kitabu hicho, na umwombe mkutubi wa karibu akuagizie kwa mkopo wa maktaba kwa maktaba. Huduma hii mara nyingi ni bure au kwa dola chache, na sisi wageni hatuitumii kwa sababu hatukuizoea. Wakutubi wa nchi hii wanapenda kazi hiyo. Mwambie jina la kaunti na miaka, umwache afanye kazi yake.

Riwaya zisome kwa raha yako, usinukuu humo. Roots ya Alex Haley, iliyotoka 1976, iliwafanya mamilioni waanze kutafuta asili yao, na kwa hilo tunaishukuru. Lakini wataalamu wa nasaba Gary Mills na Elizabeth Shown Mills walikagua nyaraka za Virginia na kuonyesha mwaka 1981 kwamba mtumwa aitwaye Toby, ambaye Haley anasema ndiye babu yake Kunta Kinte aliyeletwa kutoka Afrika, alikuwa tayari ameandikwa kwa familia ya Waller kabla ya 1767, mwaka ambao kitabu kinasema meli yake ilifika Annapolis. Wasomaji wengi mpaka leo hawajui.

Hatua ya 4: Mtafute mmiliki

Hatua hii inauma na hakuna njia ya kuikwepa. Mtu aliyehesabiwa kama mali ameandikwa kwenye karatasi za mwenye mali: wosia, orodha ya mirathi, hati ya mauzo, kesi ya deni. Usipomjua mmiliki humpati babu.

Jina la ukoo linaweza kuwa la mmiliki wa mwisho, au wa kwanza, au halimhusu yeyote kati yao. Wengine walichagua jina wenyewe mwaka 1865. Lichukulie kama fununu, halafu tafuta ushahidi kwenye nyaraka za miaka ya mwanzo ya uhuru.

Ya kwanza ni za Freedmen's Bureau, ofisi ya serikali iliyoanzishwa Machi 1865 na kufungwa 1872. Ilisajili ndoa ambazo wakati wa utumwa hazikutambuliwa na sheria, ikasimamia mikataba ya kazi kati ya waliopata uhuru na waliokuwa mabwana wao, ikagawa chakula na kusikiliza malalamiko. Mkataba wa kazi wa 1865 mara nyingi unamtaja mwenye shamba, na mwenye shamba huyo mara nyingi ndiye yule yule wa jana.

Ya pili ni rejesta za Freedman's Bank. Benki hii ilifunguliwa 1865, ikafikia matawi 37, ikaanguka 1874 na akiba za watu wengi. Lakini karani wake alikuwa akijaza fomu kwa kila anayefungua akaunti: ulizaliwa wapi, ulilelewa wapi, mke, watoto, baba, mama, kaka na dada, na katika fomu za mwanzo, bwana wako wa zamani na shamba lake. Wapo walioeleza dada aliyeuzwa Texas kabla ya vita na hajasikika tena. Rejesta hizo zina majina yapatayo 480,000, na unaweza kuyatafuta kwa kompyuta. Wasioweka akiba yoyote wanatajwa kama ndugu wa aliyeweka, kwa hiyo tafuta na majina ya mashemeji.

Ya tatu ni yale matangazo. Baada ya vita magazeti ya Weusi, hasa Christian Recorder la kanisa la AME (African Methodist Episcopal, kanisa la Weusi) huko Philadelphia, yalichapa kwa miongo kadhaa matangazo ya watu wanaotafuta mama, mume au watoto. Tangazo la mistari kumi huweza kutaja mabwana wanne, kaunti tatu na jina la dalali aliyemuuza. Chuo Kikuu cha Villanova kimeyakusanya mengi na kuyaweka wazi kwa umma chini ya mradi uitwao Last Seen.

Ukishapata jina la mmiliki, lilinganishe na orodha za watumwa za 1850 na 1860. Babu aliyekuwa na miaka 28 mwaka 1870 lazima aonekane kama mvulana wa miaka 18 hivi kwenye orodha ya 1860. Umri ulikadiriwa ovyo, ongeza na punguza miaka mitatu minne.

Hatua ya 5: Vitabu vya zamani vya upande wa mmiliki

Kati ya miaka ya 1870 na mwanzo wa karne iliyofuata, kaunti nyingi za Marekani zilichapishiwa vitabu vinene vya historia, vyenye wasifu wa wakulima wakubwa, mawakili na machifu wa chama. Waliosifiwa humo mara nyingi ndio waliolipia kuchapishwa. Koo za Kizungu nazo zilichapisha vitabu vya nasaba zao. Vyote hivi sasa hakimiliki yake imekwisha, kwa kuwa nchini Marekani kitabu kilichochapishwa zaidi ya miaka 95 iliyopita ni cha umma, na unavipata bure Internet Archive na HathiTrust.

Babu wa mume wangu hatatajwa humo kwa heshima, na sifungui vitabu hivyo kwa ajili yake. Navifungua kujua mmiliki alioa nani, mwaka gani, na binti zake waliolewa wapi. Watumwa walihama kwa njia hizo: binti akiolewa alipewa msichana wa kazi, mzee akifa watu waligawanywa kwa warithi. Tarehe ya harusi ya bibi harusi wa Kizungu inaweza kuwa ndiyo tarehe dada wawili walipotenganishwa.

Kuhusu faharasa za vitabu hivi: jina la Mweusi aliyetajwa bila jina la ukoo huwa halikuwekwa kwenye herufi yake. Tafuta chini ya maneno "Negroes", "Slaves", "Servants" na "Colored", halafu chini ya jina la mmiliki. Vitabu vya anwani za miji vya karne ya 19 navyo viliweka alama ya nyota au herufi c kando ya jina la Mweusi, na maana ya alama imeelezwa kurasa za mwanzo ambazo hakuna anayezisoma.

Lipo na tatizo jingine, na hili ndilo lililowaangusha wengi. Karne iliyopita wapenzi wa nasaba walichapisha vitabu vya muhtasari wa wosia wa kaunti mbalimbali. Ni msaada mkubwa, lakini wengi wao hawakujali watumwa, na wosia uliotaja watu kumi na wanne kwa majina ukafupishwa ukabaki na mke, watoto, shamba na farasi. Kwa hiyo muhtasari ni wa kukuonyesha namba ya kitabu na ukurasa tu. Wosia wenyewe uone kwa macho yako, na pamoja nao orodha ya mirathi, ambayo ndiyo yenye majina, umri na bei kwa dola, mtu mmoja mmoja, katikati ya ng'ombe na magodoro. Mara ya kwanza usiisome peke yako usiku.

Hatua ya 6: Sauti za wenyewe

Kati ya 1936 na 1938 serikali ya Marekani iliwalipa waandishi wakawahoji wazee waliozaliwa utumwani. Yalikusanywa masimulizi zaidi ya 2,300 pamoja na picha kama 500, na yote yako kwenye mkusanyo wa Library of Congress, jimbo kwa jimbo. Huenda babu yako hakuhojiwa, lakini jirani yake wa kaunti ile ile alihojiwa, na akataja kanisa, mto, na bwana mkali wa shamba la pili. Tafuta kwa jina la kaunti na kwa jina la mmiliki.

Yasome ukijua nani alikuwa ameshika kalamu. Wahoji wengi walikuwa Wazungu, wengine wenyeji wa kaunti hiyo hiyo, miaka ya ubaguzi mkali. Mzee anayetegemea msaada wa chakula hawezi kumwambia mjukuu wa bwana wake wa zamani kila alichokiona. Matamshi ya wazee nayo yaliandikwa kwa kubananga makusudi. Toa hayo, ubaki na majina na mahali.

Vitabu vya waliopata uhuru na kujiandikia wenyewe vinataka uangalifu wa aina nyingine. Olaudah Equiano alichapisha maisha yake London mwaka 1789, akaeleza kuzaliwa kwake katika nchi ya Waigbo na kuvushwa baharini akiwa mtoto. Mtafiti Vincent Carretta alikuta rejesta ya ubatizo wa Equiano ya 1759, kanisa la St Margaret's, Westminster, inayosema alizaliwa Carolina, na orodha ya mabaharia ya baadaye inayosema hivyo hivyo. Wataalamu wengine hawakubali, na ubishi unaendelea. Fanya kama wao: weka maelezo yote mawili kwenye daftari, na kila moja liwe na tarehe na chanzo chake. Usichague linalokupendeza.

Hatua ya 7: Bahari yenyewe

Sasa ndiyo uulize meli. Hazina ya Slave Voyages inaorodhesha safari zaidi ya 36,000. Makadirio yake ni kwamba watu kama milioni 12.5 walipakiwa Afrika na kama milioni 10.7 walifika ng'ambo wakiwa hai. Waliopelekwa moja kwa moja Marekani ya leo ni takriban 388,000 tu, na biashara hiyo ilipigwa marufuku kisheria kuanzia Januari 1, 1808. Familia nyingi basi zina mababu waliofika katika miaka ya 1700, yaani vizazi vitatu vinne kabla ya ile sensa ya 1870. Meli zenyewe hazikuandika majina. Ziliandika idadi.

Kwa sababu hiyo kuunganisha mtu na meli ni jambo adimu sana, na pale lilipowezekana inafaa uone ni karatasi ngapi zilihitajika. Mwaka 1756 meli iitwayo Hare, ya wafanyabiashara wa Newport, Rhode Island, ilichukua watu Sierra Leone ikawauza Charleston, South Carolina. Elias Ball, wa ukoo wa yule mwandishi Edward Ball, alinunua watoto sita, mkubwa ana miaka 10 na mdogo 6, akaandika majina aliyowapa na umri aliowakisia. Mmoja alikuwa msichana wa miaka 10 aliyemwita Priscilla. Kwa kuwa ukoo wa Ball ulitunza madaftari yake vizazi vyote, Edward Ball aliweza kumfuata Priscilla mpaka kwa wazao wake walio hai, na watafiti wakazipata karatasi za meli yenyewe upande wa pili. Lingekosekana daftari moja katikati, msichana huyo angebaki tarakimu.

Kuna na kitabu cha zamani kinachowafuata watu wakivuka bahari kwa safari ya kurudi. Waingereza waliposhindwa vita vya uhuru wa Marekani waliondoka New York mwaka 1783 na Weusi waliokuwa upande wao, na makarani wakaandika daftari la watu wapatao 3,000 linalojulikana kama Book of Negroes: jina, umri, sura ya mtu, bwana aliyemkimbia, meli na inakokwenda. Humo yumo Harry Washington, miaka 43, aliyekuwa mali ya Jenerali Washington na kumtoroka miaka saba nyuma, amepanda meli L'Abondance kwenda Nova Scotia. Mwaka 1792 Weusi karibu 1,200 wa Nova Scotia walihamia Freetown, Sierra Leone, na Harry alikuwa mmoja wao. Mtu huyo anasadikika alizaliwa Afrika Magharibi. Kama ukoo wako una watu Canada, anza na daftari hili kabla ya sensa yoyote.

Na kama ukoo unatoka Mobile, Alabama, soma habari za Clotilda, iliyoingiza watu 110 kwa magendo mwaka 1860. Zora Neale Hurston alimhoji mmoja wa walioletwa, Cudjo Lewis, miaka ya 1920, na maandishi yake, Barracoon, yakachapishwa 2018. Mwaka uliofuata mabaki ya meli yalitambuliwa kwenye tope la mto.

Je, wanaweza kuwa watu wa kwetu?

Swali hili wakwe watakuuliza wewe, hasa kama nyumba yao inasherehekea Kwanzaa na mishumaa yake ina majina ya Kiswahili. Jibu kwa upole na ukweli. Kwanzaa ilianzishwa California mwaka 1966, na Kiswahili kilichaguliwa kwa sababu za umoja wa Waafrika, si kwa sababu ya njia za meli. Wengi mno waliovushwa Atlantiki walitoka pwani inayoanzia Senegal kushuka mpaka Angola.

Lakini si wote. Zaidi ya nusu milioni walipakiwa upande wa Bahari ya Hindi, wengi kwenye bandari za Msumbiji kama Kisiwa cha Msumbiji na Quelimane, na wengi wao walipelekwa Brazili, hususan Rio de Janeiro karne ya 19. Meli ya Kireno São José ilitoka Msumbiji 1794 na watu zaidi ya 400 kuelekea Maranhão, ikazama karibu na Cape Town, na zaidi ya 200 wakafa maji. Mabaki yake yalitangazwa 2015. Kwa hiyo kama mkwe ni Mbrazili na nyaraka za ubatizo zinamwita bibi yake "Moçambique", hapo una jambo la kufuatilia. Kwa familia ya Kimarekani uwezekano ni mdogo, ingawa kuna meli zilizotoka Madagaska kwenda Virginia mwanzoni mwa miaka ya 1700.

Uhuru wa Watumwa cha James Mbotela, kilichotoka 1934, kinahusu watu wa Freretown, Mombasa, na bahari nyingine. Msomee mkwe wako, atakifurahia, lakini usikiingize kwenye faili la ukoo wake.

Hatua ya 8: Uandikaji, na ukikwama

Kila jina lifuatwe na chanzo: kitabu, ukurasa, kaunti, tarehe uliyokiona. Andika "huenda" pale panapostahili huenda. Mtu aliyeitwa jina moja tu mpe jina hilo moja, pamoja na shamba na mwaka, usimpachike jina la ukoo ambalo hakuwa nalo.

Mahakama ya kaunti ikiwa iliungua, na kwa Kusini hilo ni la kawaida, jaribu kaunti za jirani ambako mmiliki alikuwa na ardhi, nakala za kodi zilizopelekwa makao makuu ya jimbo, na kesi zilizokatiwa rufaa. Ukiweza kusafiri, Allen County Public Library ya Fort Wayne, Indiana, ina mojawapo ya mikusanyo mikubwa ya nasaba nchini na kuingia ni bure. Schomburg Center, maktaba ya utafiti wa historia ya Weusi, iko Harlem, New York. Charleston lilifunguliwa mwaka 2023 jumba la International African American Museum lenye kituo cha historia ya familia, na limejengwa pale pale gatini, Gadsden's Wharf, walikoshushiwa watu. Omba miadi kabla ya kwenda, beba penseli maana kalamu za wino haziruhusiwi kwenye vyumba vya nyaraka, na utaje jina la mmiliki kwanza. Mkutubi ataanzia hapo.